Majina Tuliyoyachezea Harusini

Mama mmoja wa Kikuba ninayefanya naye kazi ghalani, hapa Louisville, Marekani, ndiye aliyetuharibia wimbo wetu wa harusi. Alituharibia ndani ya gari langu mwenyewe, mchana kweupe, huku nimempa lifti ya bure. Gari lake lilikuwa limekufa injini, na kwa kuwa sote tunakaa mtaa wa Iroquois, wiki ile nilikuwa namchukua asubuhi na kumrudisha tukitoka kazini. Ni mtu wa heshima, ananizidi umri, anafunga maboksi haraka kuliko vijana, na tunaelewana kwa Kiingereza cha ghalani ambacho Mwingereza akikisikia ataomba mkalimani.

Siku hiyo nilitaka kumfurahisha. Nikawaza: huyu ni mtu wa Kihispania, na mimi ninao muziki wa Kihispania ambao hawezi kuamini kwamba Mkongo wa Uvira ameukariri tangu utotoni. Nikauweka ule wimbo kutoka kwenye simu, sauti juu, nikaanza kupigapiga usukani. Nikamwambia kwa majivuno kwamba huu ndio tunaoingizia maharusi katika ukoo wetu.

Alisikiliza kidogo, kisha akanyoosha mkono akapunguza sauti bila kuniomba ruhusa. Akauliza kama amenisikia vizuri. Harusi? Nikasema ndiyo, harusi, bibi harusi akiingia ukumbini na wasimamizi wake. Akanikazia macho hata nikasahau kuondoka taa ilipogeuka kijani, na walio nyuma wakaanza kunipigia honi.

Niseme kwanza tuliutoa wapi. Baba alikuwa fundi katika kiwanda cha sukari, bondeni, si mbali na Uvira. Siku moja alivuka kwenda Bujumbura, akaona kwa mchuuzi mmoja sahani ya santuri ambayo jalada lake lilikuwa na picha ya watu wamesimama mbele ya shamba la miwa, wameshika mapanga, hawacheki. Baba akasema hawa ni watu wa kazi yetu. Akainunua kabla hajaisikia. Alipofika nyumbani na kuiweka, ikawa ni salsa: tarumbeta, piano, ngoma za kukimbizana. Hakuna hata mmoja wetu aliyejua Kihispania, na hilo halikumsumbua mtu. Wakongo tumeicheza miziki ya Kuba na ya visiwa vile tangu enzi za babu zetu bila kumuuliza mwimbaji anasema nini. Miguu ilikuwa inaelewa, basi. Vita vilipotutoa Uvira santuri ilibaki, lakini kaseti tuliyoinakilia, ambayo siku hizi imo kwenye simu zetu, tulikwenda nayo mpaka kambini Tanzania, na baba alipofia huko ndiyo ikawa urithi wetu.

Sasa, katikati ya wimbo ule ngoma zinapungua, na mwimbaji anaanza kutaja majina ya watu. Jina na la ukoo, kisha waitikiaji wanajibu maneno machache. Jina jingine, jibu lilelile. Mkongo akisikia hivyo haulizi, anajua hilo ni libanga. Kwetu mwanamuziki akikutaja ndani ya wimbo, ujue umemtuza, au wewe ni mkubwa wa mahali fulani, na jina lako litabaki humo mpaka wajukuu walitambie. Baba akaamua kwamba wale waliotajwa ni matajiri wa miwa. Tukawaheshimu hivyo. Na penye majina yao ndipo tulipozoea kuchomeka ya kwetu: mtu anashika mikrofoni, anamtaja bwana harusi, bibi harusi, wazazi, wajomba waliotoka mbali, na ukumbi mzima unaitikia pamoja na wale wa kwenye sahani, huku watu wanatuza na kupiga vigelegele.

Yule mama alisubiri nimalize kujisifu. Kisha akaniambia taratibu, neno kwa neno, kwamba majina yale ni ya wakata miwa wa nchi nyingine, si Kuba. Waligoma. Wakatolewa majumbani mwao wakiwa hai, hawakurudi. Na kile tunachoitikia kwa vigelegele ni swali: wamemweka wapi? Kila jina, swali hilohilo, wamemweka wapi?

Niliingiza gari kwenye uwanja wa duka la matairi nikazima injini. Nilianza kuwapitia maharusi wetu mmoja mmoja, binamu zangu, dada yangu mkubwa, mimi mwenyewe na mke wangu. Wote tulikuwa tumesimamishwa mlangoni tumependeza, na majina yetu yakasomwa katikati ya watu waliouawa. Nyumbani kwetu huwezi hata kumwita mtu aliye hai mara tatu karibu na jeneza, utafukuzwa.

Kwa siku zilizobaki za wiki ile yule mama alinitafsiria sahani nzima, wimbo mmoja kila safari, maana sasa nilikuwa kama mtu aliyeng'atwa anayetaka kujua ni nyoka gani. Ukistaajabu ya Musa utayaona ya Firauni. Wimbo tunaokatia keki ulikuwa wa familia iliyotolewa vyombo nje na mwenye nyumba, mvua inanyesha juu ya magodoro. Ule wa sherehe za ubatizo ulikuwa wa mgombea aliyenunua kura kwa mchele, na walipomaliza kuula ule mchele hawakumwona tena. Ule ambao baba alimchezesha mama polepole, macho amefumba, ulikuwa wa msichana wa kiwanda cha nguo aliyefungiwa ndani moto ulipowaka. Sahani nzima haikuwa na wimbo hata mmoja wa mapenzi.

Nilikasirika. Nilimkasirikia baba, Mungu anisamehe, na nikamkasirikia hata mpiga tarumbeta. Nikamuuliza yule mama ni mtu gani anayelia huku tarumbeta yake inacheka. Akanijibu kwamba katika nchi ile, wakati ule, aliyesema mambo hayo kwa uso wa huzuni alikamatwa, lakini ukiyapigia ngoma, askari naye alitikisa kichwa. Nasi kwetu tumewajua askari wa kutikisa kichwa.

Jioni nilimweleza mke wangu mezani. Binti yetu, ambaye anasoma Kihispania shuleni, akanyanyua macho kutoka kwenye simu yake akanijibu kwa Kiingereza, kama kawaida yake, kwamba yeye alikuwa anajua tangu mwaka juzi. Nilimuuliza kwa nini alinyamaza. Akasema alifikiri tunajua. Alifikiri ndivyo Wakongo walivyo, kwamba kwenye harusi tunawaalika na wafu. Mke wangu aliweka kijiko chini. Tonge langu likabaki kwenye sahani.

Lililonikosesha raha hasa lilikuwa jambo la mji wa Columbus. Mdogo wangu wa kike, kitinda mimba wetu, alikuwa anaolewa huko Jumamosi iliyokuwa inakuja, na bwana harusi wake ni Mrundi aliyekulia kambini Tanzania. Walikuwa wamekodi ukumbi Hilliard, pembeni ya mji, mapambo yamelipiwa, na mama yetu alikuwa ameshatangaza kwa kila mtu kwamba bibi harusi ataingia kwa wimbo wa baba. Nilimpigia simu mdogo wangu nikamweleza yote. Akaniita yaya, kama ndugu mkubwa anavyoitwa kwetu: "Yaya, mi naweza ingia na wimbo ya chorale, haina shida. Lakini mama asijue. Nakuomba, mama asijue kabisa."

Alikuwa anamfikiria kaka yetu mkubwa. Hata mimi nilikuwa namfikiria tangu pale kwenye duka la matairi, ila nilikuwa namzunguka.

Kaka yetu alioa Uvira, na haukupita muda baada ya harusi akapanda lori kwenda kununua mihogo upande wa Fizi. Lori lilisimamishwa njiani na watu wenye bunduki. Dereva alirudi kwa miguu. Kaka hakurudi, na hakuna aliyeuona mwili wake. Watu walipoanza kuleta mikeka kwa ajili ya matanga, mama aliitupa barabarani. Alisema mtoto wake amechelewa njiani. Tangu siku hiyo, Uvira, kambini, mpaka Marekani, neno marehemu halikuruhusiwa kukaribia jina la kaka. Mchungaji mmoja alijisahau akalitia katika maombi, mama akainuka na mkoba wake akatoka, na kanisa hilo hakulirudia. Sisi wengine tulikuwa tumeshakubali kimoyomoyo, lakini nani angemwambia?

Na katika kila harusi ya ukoo, pale penye majina, mama ndiye aliyeshika mikrofoni. Wa kwanza kumtaja alikuwa kaka. Alimtaja kwa sauti ya furaha, kama mgeni ambaye ndiyo kwanza anapaki gari nje. Kwa imani yake, mtu akiitwa pamoja na walio hai hubaki miongoni mwao. Ile ndiyo kamba aliyokuwa amemshikilia nayo miaka yote. Na kumbe kila alipomwita alikuwa anamwingiza kwa mkono wake katika kundi la watu wasiorudi, na sisi wanawe, tumevaa suti, tunamwitikia kwa lugha tusiyoijua: wamemweka wapi?

Niliomba ruhusa kazini nikaenda Buffalo kumchukua. Mama anakaa huko na dada yangu mkubwa na hapandi ndege, anasema alishapanda moja ya kumleta, inatosha. Njia nzima nilikuwa natunga uongo. Mimi kwa maneno si haba, lakini kwa mama yangu akili huwa inaniishia. Nilimkuta jikoni anafunga sombe ya majani ya mihogo iliyogandishwa katika magazeti kwa ajili ya safari. Nikamwambia kwamba, kwa bahati mbaya, ukumbi wa Hilliard hauruhusu muziki wa Kihispania.

Mama akasimama. Akauliza ni sheria ya nani. Akasema hata Marekani hii, na ubaya wake wote, haijafika kukataza tarumbeta. Akafuta mikono, akaniagiza nimpigie simu mwenye ukumbi aongee naye yeye mwenyewe. Dada yangu akageukia sinki kujificha kicheko. Nikasema basi, si ukumbi, ni DJ hana huo wimbo. Mama akasema upo kwenye simu yangu, ameusikia nilipokuwa napaki. Asiyejua maana haambiwi maana, lakini mama yangu alikuwa ananitazama mdomoni, na nilijua hatatoka pale jikoni bila kuijua.

"Papa," akaniita. Ndivyo anavyoniita akitaka ukweli, maana nilipewa jina la baba yake. "Unanificha nini?"

"Mama, ile wimbo haiko ya furaha. Ile majina iko ya batu benye balikufa. Balibakamata, habakurudia."

Aliendelea kufunga sombe. Alifunga gazeti juu ya gazeti mpaka furushi likawa kubwa kuliko sufuria, dada akamshika mikono taratibu akalitoa. Nilikuwa nimejiandaa kwa kilio au laana, hata kwa kofi. Kwa magazeti yale sikuwa nimejiandaa, na nilijuta kuzaliwa na ulimi.

Asubuhi tuliondoka sisi wawili, dada na watoto wake wakatufuata na gari lao. Kutoka Buffalo mpaka tukapita mji wa Erie mama alikuwa ameshika mkoba mapajani na anatazama mashamba ya mizabibu kana kwamba ameajiriwa kuyalinda. Tulipokaribia Cleveland akasema, "Weka."

Niliuweka. Ulipofika kwenye majina akanyanyua kidole, maana yake nirudishe nyuma. Nikarudisha. Akaniuliza waitikiaji wanasema nini hasa. Nikamwambia. Aliyarudia yale maneno ya Kihispania chini ya pumzi, maneno aliyoyaimba zaidi ya nusu ya maisha yake, kisha akayarudia kwa Kiswahili. Akauliza tena kama mama zao wale watu walikuwa bado wapo wimbo ulipotungwa. Sikujua. Nilisimama kwenye kituo cha mapumziko nikampigia yule mama wa Kikuba, nikaweka spika. Nikawa mkalimani kati yao, mimi na Kiingereza changu cha ghalani, nikiogopa kukosea neno.

Yule mama akasema hiyo haikuwa nchi yake na hajui habari za kila mtu. Alichojua ni mwisho wa wimbo, pale tarumbeta zinapoanguka na sauti ya mwanamke inaingia. Sisi pale huwa tumeshaanza kupanga foleni ya chakula, hatukuwahi kuusikiliza. Akasema mwanamke yule anasimama langoni pa shamba anawaambia walinzi kwamba hataki tena kurudishiwa mtoto, wampe hata mfupa, azike. Nilipomtafsiria mama akaniambia nirudie. Nikarudia. Akamshukuru yule mama kwa Kiswahili, "Aksanti sana, dada," na wa upande wa pili akajibu kwa lugha yake, na hilo hakuna aliyenisubiri nilitafsiri.

Tulipoingia tena kwenye gari aliniuliza swali moja tu. "Donc, mi ndiye nilimutia mule?"

Kwa hiyo ni yeye aliyemtia kaka katika kundi lile? Ndilo swali nililoliogopa tangu Louisville. Nilimwambia hapana. Nilimwambia kaka alikamatwa na watu wenye bunduki, hakukamatwa na wimbo. Nilisema na mengine mengi ya haraka haraka, mpaka akaniwekea mkono begani ninyamaze, niangalie barabara.

Jumamosi bibi harusi aliingia kwa wimbo wa kwaya, taratibu, amependeza, na hakuna aliyeuliza kitu isipokuwa mjomba mmoja aliyenung'unika kwamba anamiss tarumbeta. Wazee wa Kirundi walitoa hotuba ndefu katika Kiswahili safi cha Kigoma, wetu wakawajibu katika kile chetu, tukaelewana. Keki ilikatwa kwa muziki wa injili. Nilianza kupumua. Nilikuwa nimemwambia DJ, kijana wa Bukavu, kwamba ule wimbo asiuguse hata akiombwa na bibi harusi mwenyewe.

Sikuwa nimemwambia chochote kuhusu mama wa bibi harusi. Nilikuwa meza ya mbali namimina soda nilipomwona mama anatembea kuelekea kwa DJ na kitenge chake kipya, mkoba mkononi. Nilimwona kijana anatikisa kichwa kukataa, kisha nikaona anaacha kutikisa. Na tarumbeta zikaanza.

Ukumbi ulilipuka. Watu wetu walikuwa wameungoja tangu mchana. Mjomba alirusha koti. Mdogo wangu na shela yake alinitafuta kwa macho, na mimi nilikuwa nimesimama na chupa ya soda inafurika kwenye kitambaa cha meza. Ngoma zikapungua. Mwimbaji akataja jina la kwanza, ukumbi ukaitikia. La pili, ukaitikia. Mama alikuwa ameshashika mikrofoni.

"Marehemu," akasema. Kisha akataja jina la kaka yangu, lote, la kwanza na la baba na la ukoo. Sitaliandika hapa.

Waliokuwa karibu waliacha kucheza mikono ikiwa bado juu. Walio nyuma hawakusikia, waliitikia vilevile kwa vigelegele, kwa Kihispania, wamemweka wapi. Mama akawajibu ndani ya mikrofoni, bila kulia, "Hatujue."

Mwimbaji akataja mtu mwingine, mkata miwa, jina ambalo nimelijua tangu nikiwa mtoto nikidhani ni la tajiri. Waitikiaji wa kwenye sahani wakauliza. Sasa ukumbini hakuna aliyekuwa anaitikia nao. "Hatujue," akasema mama. Jina jingine. "Hatujue." Alimjibia kila mmoja wao mpaka majina yakaisha, na tarumbeta zikaanguka, na yule mwanamke akaingia na sauti yake, na kwa mara ya kwanza katika ukoo wetu hakuna aliyekwenda kupanga foleni. Mama mzazi wa bwana harusi, ambaye naye aliacha watu wake Burundi, alivuka ukumbi akaja kusimama kando ya mama yangu akamshika kiuno.

Wimbo ulipokwisha mama alimrudishia kijana mikrofoni. Akaenda kwa mdogo wangu, akamfuta uso kwa ncha ya kitenge, akawaambia wapiga picha waendelee, leo ni ndoa. Kisha akanijia mimi pale kwenye soda iliyomwagika.

"Bon," akasema. "Kesho mulete mikeka."